Dagaa: Tuisome Bei Yake Kabla ya Kufungua Pochi

Akina mama wengi tunapokwenda sokoni tunauliza swali moja tu: "Dagaa bei gani?" Tukijibiwa tunaguna, tunaomba tupunguziwe, tunalipa na kuondoka. Wiki mbili baadaye tunarudi na kukuta kisado kile kile kimepanda, nasi tunamlaumu muuzaji kwamba ana tamaa. Mara nyingine ni kweli ana tamaa. Lakini mara nyingi muuzaji naye amepandishiwa na mwenye duka la jumla, mwenye duka amepandishiwa na mwenye lori, na ukifuatilia mpaka ziwani utakuta kwamba mbalamwezi inawaka na mitumbwi imelala ufukoni.

Mwezi huu tumeona vema tuzungumze juu ya biashara ya samaki wakavu, hasa dagaa. Tunazo sababu mbili. Ya kwanza ni watoto wetu. Utafiti wa kitaifa wa afya wa mwaka 2022 ulionyesha kwamba kati ya watoto 100 wa Tanzania walio chini ya miaka mitano, 30 walikuwa wamedumaa. Nyama, mayai na maziwa ni ghali kwa nyumba nyingi, na dagaa ndiye kitoweo ambacho mama mwenye kipato kidogo bado anaweza kukifikia. Bei yake ikipanda, mboga inabaki majani matupu, na anayeumia kwanza ni mtoto anayejifunza kula.

Sababu ya pili ni kwamba wengi wetu tunaishi kwa biashara hii. Wako wasomaji wanaoanika dagaa ufukoni, wako wanaouza kwa mafungu mbele ya nyumba zao, na wako wanaosafirisha magunia. Mama anayeelewa kwa nini bei inapanda na kushuka atanunua kwa akili na kuuza kwa akili.

Chakula cha tangu zamani

Kukausha samaki si jambo geni wala si alama ya umaskini. Watu waliokaa kando ya maji siku zote walijua kwamba samaki mbichi hangoji, lakini samaki aliyekaushwa kwa jua, kwa chumvi au kwa moshi anaweza kusafiri mbali.

Hata katika nchi ya Biblia mambo yalikuwa hivyo. Kando ya Ziwa Galilaya palikuwa na mji ambao kwa Kigiriki uliitwa Tarichea, jina linalohusiana na kazi ya kutia samaki chumvi. Wataalamu wengi wanaona kwamba mji huo ndio Magdala, alikotoka Mariamu Magdalene. Nehemia naye, katika sura ya 13 ya kitabu chake, anasimulia jinsi watu wa Tiro walivyokuwa wakileta samaki na kuwauza Yerusalemu siku ya Sabato, naye akawakemea. Kutoka pwani hadi milima ya Yerusalemu ni safari ndefu katika nchi ya joto, kwa hiyo si vigumu kuamini kwamba wengi wa samaki hao walikuwa wakavu au wa chumvi. Tangu siku hizo mwanamke, samaki mkavu na soko wamekwenda pamoja.

Dagaa si wa aina moja

Tunapolinganisha bei ni lazima tujue tunalinganisha nini. Jina "dagaa" linabeba samaki wadogo wa aina mbalimbali.

Wa kwanza ni dagaa wa Ziwa Viktoria, ambao wengi huwaita dagaa wa Mwanza. Majirani zetu wa Kenya humwita omena, na Waganda humwita mukene. Hawa ndio wengi sokoni na mara nyingi ndio wa bei nafuu.

Wa pili ni dagaa wa Ziwa Tanganyika, yaani dagaa wa Kigoma. Hawa wana mafuta na ladha yao inajulikana nchi nzima. Reli ya Kati ilipofika Kigoma mwaka 1914, njia ya kuwapeleka mpaka pwani ilifunguka. Bei yao kwa kawaida huwa juu kuliko ya wenzao wa Mwanza. Kwa sababu ya mafuta yao, wakikaa muda mrefu au wakihifadhiwa mahali penye joto, hupata harufu kali ya mafuta yaliyochacha.

Wa tatu ni dagaa wa bahari kutoka Zanzibar, Mafia, Bagamoyo na sehemu nyingine za pwani. Huko kwa kawaida huchemshwa kwanza katika maji ya chumvi, kisha huanikwa. Kazi hiyo ya kuchemsha na kuanika imewapa ajira wanawake wengi, hasa Zanzibar.

Basi mama akikuambia kwamba amenunua dagaa kwa bei ya chini kuliko wewe, muulize kwanza: wa wapi, na walianikwa wapi?

Mwezi, mvua na bei

Dagaa huvuliwa usiku kwa mwanga. Zamani wavuvi wa Ziwa Tanganyika waliwasha moto wa kuni kwenye mitumbwi, baadaye zikaja karabai, na siku hizi wengi hutumia taa za betri na za nguvu za jua. Dagaa hufuata mwanga, nao hunaswa na wavu. Lakini mbalamwezi inapowaka, ziwa zima lina mwanga, na taa ya mvuvi haina tena nguvu ya kuwavuta. Kwa hiyo siku za mwezi mpevu wavuvi wengi hupumzika, hushona nyavu na kutengeneza mitumbwi. Giza likirudi, kazi huanza upya.

Ndiyo maana bei katika mialo ina mawimbi yake ya kila mwezi. Siku za giza dagaa ni wengi na bei hushuka. Siku za mbalamwezi wanaouzwa ni wale wa akiba, na bei hupanda. Kadiri unavyokaa mbali na ziwa ndivyo wimbi hilo linavyokufikia likiwa limechelewa na kupungua nguvu, kwa sababu katikati wako wenye maghala. Lakini mama anayekaa Mwanza, Musoma, Bukoba au Kigoma anaweza kulitumia vizuri. Kutazama angani kabla ya kwenda sokoni hakugharimu kitu.

Jambo la pili ni mvua, nayo inashangaza kidogo. Wakati wa masika, kuanzia Machi hadi Mei, dagaa wabichi wanaweza kuwa rahisi sana ufukoni, huku dagaa wakavu wakiwa ghali mjini. Kwa nini? Kwa sababu jua hakuna. Siku ya jua kali, dagaa walioanikwa kwenye chanja wanaweza kukauka kwa siku moja. Siku ya mvua wanalowa, wanakuwa weusi, wanaanza kunuka, na mkaushaji anaogopa kununua wengi. Mvuvi anakosa mnunuzi na kushusha bei, wakati mtu wa mjini anakosa dagaa wakavu wazuri na kulipa zaidi. Waliolowa huishia kuwa chakula cha kuku.

Jambo la tatu ni amri za serikali za kulinda samaki. Mwaka 2024 uvuvi katika Ziwa Tanganyika upande wa Tanzania ulisimamishwa kwa miezi mitatu, kuanzia tarehe 15 Mei hadi 15 Agosti, ili samaki wapate nafasi ya kuzaana. Ziwa hilo ni la nchi nne: Tanzania, Kongo, Burundi na Zambia, na samaki hawajui mipaka. Kufunga ziwa ni mzigo kwa familia zinazokula kwa kuvua, na ni haki yao kujulishwa mapema. Hata hivyo tukivua mpaka kizazi cha mwisho, watoto wetu watalijua jina la dagaa wa Kigoma kwa kusimuliwa tu. Mama anayejua tarehe mapema anaweza kuweka akiba ya dagaa waliokauka vizuri kabla bei haijapanda.

Ongezeni pia majira ya kanisa na ya shule. Wakati wa Kwaresima waumini wengi huacha nyama, na wanaotafuta samaki huongezeka. Mwezi wa Januari, ada, sare na madaftari zinapodaiwa, akina mama wengi hulazimika kuuza upesi, hata kwa bei ya hasara.

Nani mwingine yuko sokoni?

Tukidhani kwamba tunashindana na jirani zetu tu katika kununua dagaa, tutakuwa tumekosea hesabu. Wako wanunuzi wengine wawili wakubwa.

Wa kwanza ni mnunuzi wa nje. Pale Mwaloni, Kirumba, jijini Mwanza, lipo soko kubwa ambako magunia ya dagaa na samaki wengine wakavu hupakiwa kwenda mikoani na nchi jirani. Mnunuzi mkubwa ni Kongo. Mizigo hupitia Kigoma na kuvuka ziwa hadi Kalemie au Uvira, na mingine hupitia Tunduma na Zambia hadi Lubumbashi. Mingine huenda Rwanda na Burundi. Wafanyabiashara wa Kongo pia hununua dagaa wa Zanzibar.

Wanunuzi hao wakija kwa wingi, bei hupanda na mkaushaji hufurahi. Wasipokuja, magunia hujaa ghalani na bei huanguka. Mwaka 2020 mipaka ilipofungwa kwa sababu ya ugonjwa wa korona, biashara za mipakani zilitikisika. Mwaka 2025 vita vya mashariki ya Kongo vilifika Goma mwezi wa Januari na Bukavu mwezi wa Februari. Mama anayeanika dagaa katika kisiwa cha Ukerewe huenda hajawahi kuiona miji hiyo, lakini gunia lake linaguswa na yanayotokea huko. Tuwaombee ndugu zetu wa Kongo amani, kwa ajili yao kwanza, kisha tukumbuke kwamba amani yao ni riziki yetu pia.

Mnunuzi wa pili ni kuku. Msishangae. Dagaa wengi, hasa walioanikwa mchangani, husagwa na kuchanganywa katika chakula cha mifugo. Ufugaji wa kuku unapokua mijini, mahitaji ya dagaa yanakua pamoja nao. Kiwanda hakijali mchanga kidogo wala wakivunjika, mradi bei ni ndogo na mzigo ni mwingi. Matokeo yake ni kwamba hata dagaa hafifu, ambao zamani mama maskini aliweza kuwanunua kwa bei ya kutupa, leo wana mteja mwenye lori. Hatusemi kwamba kufuga kuku ni vibaya. Tunasema kwamba mtoto wako na kuku wa mjini wanagombea gunia moja, na ni wewe tu utakayemtetea mtoto.

Kayabo na chumvi yake

Pamoja na dagaa, masoko ya Kanda ya Ziwa huuza sangara aliyepasuliwa, akatiwa chumvi nyingi na kukaushwa. Huyu ndiye kayabo. Jina hilo linatukumbusha Kongo, ambako samaki wa chumvi huitwa makayabo, na huko ndiko mteja wake mkuu aliko. Bei ya kayabo hutegemea pia viwanda vya minofu, kwa kuwa samaki ni yule yule. Viwanda vinapolipa vizuri, wanaobaki kwa ajili ya chumvi ni wachache. Siku hizi hata mabondo ya sangara husafirishwa hadi China kwa bei kubwa, na hilo nalo limemfanya sangara mzima kuwa ghali.

Kwa upande wa afya tunapenda kutoa tahadhari. Shirika la Afya Duniani linashauri mtu mzima asizidishe gramu 5 za chumvi kwa siku, yaani kama kijiko kimoja cha chai. Kipande cha kayabo kisicholowekwa kinaweza kukuvusha kiasi hicho upesi. Kiloweke kwa saa kadhaa, badilisha maji mara mbili au tatu, na usiongeze chumvi wakati wa kupika. Mwenye shinikizo la damu na mjamzito aliyeambiwa kwamba presha yake iko juu ni afadhali wachague dagaa wasiotiwa chumvi. Kayabo mwenye madoa ya rangi ya waridi au aliyelainika na kutoa ute ameharibika, usimnunue hata ukipewa kwa nusu bei.

Hesabu ya mnunuzi: mchanga si kitoweo

Hebu tufanye hesabu ndogo. Bei tunazotumia ni za mfano tu, nawe utaweka za soko lako.

Tuseme dagaa walioanikwa mchangani wanauzwa shilingi 6,000 kwa kilo, na walioanikwa kwenye chanja wanauzwa 7,500. Mama anaona amepata nafuu ya shilingi 1,500 akichukua wa mchangani. Anafika nyumbani, anachambua, anapepeta, anaosha. Mchanga, vipande vya magamba ya konokono na unga wa vichwa vilivyosagika anavipima na kukuta robo kilo. Kilichobaki ni robo tatu ya kilo. Kwa hiyo amelipa shilingi 6,000 kwa gramu 750, na kilo moja safi ingemgharimu shilingi 8,000. Wale wa chanja, kama ni safi kweli, walikuwa rahisi kwa shilingi 500, bila kuhesabu maji aliyooshea na muda alioutumia.

Basi fanya jaribio hili mara moja: nunua robo kilo ya kila aina, chambua, pima tena. Ukishajua ni kiasi gani kinapotea, utajua ni bei gani ya kukubali.

Angalia na kipimo. Kisado chenye kitako kilichobonyezwa ndani hakijai, na dagaa waliokauka vibaya ni wazito kwa sababu ya maji. Ukiweza, nunua kwa mizani. Kitabu cha Mithali kinaonya zaidi ya mara moja juu ya mizani ya hila, na onyo hilo linatuhusu sisi wauzaji wa kanisani kama linavyowahusu wengine.

Hesabu ya mkaushaji

Kwa akina mama wanaoanika, kosa kubwa tunaloliona katika vikundi vyetu ni kusahau maji. Samaki mbichi ni maji kwa sehemu kubwa. Ili kupata kilo moja ya dagaa wakavu unahitaji kilo tatu hadi nne za wabichi.

Tuseme mama amenunua kilo 40 za dagaa wabichi kwa shilingi 1,500 kila kilo. Ametoa shilingi 60,000. Baada ya kuanika anapata kilo 10. Anauza kilo kwa shilingi 7,000 na kupata 70,000. Anarudi nyumbani akisema amepata faida ya 10,000, na anaitumia. Lakini nauli ilikuwa 6,000, gunia na ushuru 2,000, na kibarua pamoja na chakula 7,000. Jumla ametoa shilingi 75,000. Hakupata faida, amepoteza 5,000, na mtaji wake umeanza kuliwa. Akifanya hivyo mara chache atakuwa hana mtaji na hatajua ulikokwenda. Wahenga walisema, mali bila daftari huisha bila habari. Daftari la kurasa chache na kalamu vinatosha.

Chanja nacho kinalipa. Ni miti, kamba na wavu wa kutandaza, kwa kimo cha kiuno. Hewa hupita juu na chini, dagaa hukauka upesi, kuku na mbwa hawafiki kwa urahisi, na mvua ikitishia unafunika kwa turubai. Ni kweli kwamba mtu mmoja anaweza kushindwa kumudu gharama yake, lakini kikundi kikijenga pamoja, kila mmoja akawa na zamu, mzigo unapungua. Kikundi kinaweza pia kukusanya magunia na kuuza kwa pamoja, kwa sababu mnunuzi mkubwa hapendi kuzunguka kwa watu 20 akitafuta gunia moja moja.

Tahadhari moja hatuwezi kuinyamazia. Wako wanaonyunyizia dagaa dawa ya wadudu ili wasitobolewe ghalani. Dawa ya mimea au ya mbu haikutengenezwa ili iliwe, na kuosha hakuiondoi yote. Mwaka 1999 Jumuiya ya Ulaya ilizuia samaki wa Ziwa Viktoria kwa hofu ya sumu, na familia nyingi zilipoteza riziki kwa kosa la wachache. Dawa ya kweli ya wadudu ni kukausha mpaka dagaa avunjike kwa mlio, kuhifadhi mahali pakavu, na kuwatoa juani mara kwa mara.

Bei isiyoandikwa popote

Kuna jambo zito ambalo wengi hulisema kwa kunong'ona, nasi tunaona si haki kuliacha. Katika mialo mingi mitumbwi na nyavu ni za wanaume, wakati kuanika na kuuza ni kazi ya wanawake. Samaki wanapokuwa haba, mwanamke anayetaka kupata mzigo huambiwa kwamba fedha pekee hazitoshi. Anadaiwa mwili wake. Kwa majirani zetu wa Kenya desturi hii ina jina kabisa, jaboya, na upande wetu inajulikana hata kama haina jina.

Sisi tunaofanya kazi ya uuguzi tunakutana na matokeo yake kliniki: magonjwa ya zinaa, virusi vya Ukimwi, mimba zisizotarajiwa, na ndoa zilizovunjika. Tusimwite mama huyo mwenye dhambi huku tukimwacha aliyemwekea sharti akiheshimiwa ufukoni na hata kanisani. Mwanamke mwenye watoto watatu na njaa nyumbani hakuchagua kwa uhuru.

Njia ya kutoka ipo. Katika ufuko wa Nduru karibu na Kisumu, mwaka 2011, wanawake walianza kumiliki mitumbwi yao wenyewe na kuwaajiri wavuvi, ili mwenye mzigo awe mwanamke. Haikuwa rahisi, na mafuriko ya mwaka 2020 yaliwarudisha nyuma sana, lakini walionyesha kwamba jambo hilo linawezekana. Hata bila mtumbwi, kikundi cha akina mama kinachonunua kwa pamoja, kwa fedha taslimu na kwa maandishi, ni vigumu kukiwekea sharti la aibu. Idara za akina mama za makanisa ya ufukoni zinaweza kuanza na mfuko mdogo wa kukopeshana mtaji siku za giza zinapoanza.

Na mama aliyelazimishwa ajue haya: polisi wana dawati la jinsia na watoto, na hospitali inaweza kumpa dawa za kuzuia maambukizi ya virusi vya Ukimwi ikiwa atafika ndani ya saa 72. Akifika mapema zaidi ni bora zaidi. Aliyekwisha kuambukizwa naye asikate tamaa, dawa zipo, na anayezimeza vizuri anaishi na kulea watoto wake.

Kutoka gunia hadi bakuli la mtoto

Linalotusikitisha ni kumpima mtoto wa mkaushaji dagaa na kumkuta uzito wake uko chini. Mama ameuza gunia zima, amenunua sukari na mikate, na mtoto anakunywa uji mweupe. Mama huyu ana hazina mkononi na haijui. Dagaa mdogo huliwa mzima, pamoja na mifupa yake, kwa hiyo humpa mtoto protini, madini ya chokaa kwa mifupa na meno, na madini ya chuma kwa damu. Zaidi ya nusu ya uzito wa dagaa mkavu mzuri ni protini.

Kwa mtoto aliyetimiza miezi sita, fanya hivi. Chambua dagaa wasio na chumvi, toa mchanga wote, osha kwa maji ya moto mara mbili au tatu, kisha wakaushe tena juani na uwakaange bila mafuta mpaka wakauke kabisa. Watwange wawe unga laini na uuchekeche, ili kusibaki mfupa wa kumkwama. Weka kijiko kimoja cha chai katika uji au mboga ya mtoto wakati inachemka, na uongeze taratibu anapozoea. Tengeneza kiasi cha wiki moja tu, uhifadhi katika chombo kikavu chenye mfuniko. Maziwa ya mama yaendelee. Mtoto akitoka vipele, kuvimba midomo au kutapika, acha na umpeleke kituo cha afya.

Kwa anayeuza, tunapendekeza sheria moja ya nyumbani: kabla gunia halijafungwa, kisado cha watoto kitengwe. Kisitengwe kutoka kwenye mabaki ya chini, bali kutoka kwenye dagaa wazuri wa juu. Mume naye aelezwe sababu, ili asije akakiuza siku ya shida.

Uendapo sokoni

Kwa ufupi, mama, kumbuka mambo haya:

1. Angalia mwezi. Nunua nyingi kidogo siku za giza, hasa ukiwa karibu na ziwa.

2. Weka akiba kabla ya masika, ukihakikisha dagaa wamekauka kweli.

3. Vunja dagaa mmoja. Akivunjika kwa mlio amekauka, akipinda bado ana maji.

4. Tazama rangi. Wazuri hung'aa kama fedha. Weusi walinyeshewa, na wenye ukungu ni wa kutupa.

5. Nusa. Harufu ya dawa au ya mafuta yaliyochacha ni onyo.

6. Tia mkono chini ya gunia, mchanga hukaa huko.

7. Nunueni kwa kikundi. Gunia moja mkigawana watu kumi kwa bei ya jumla, kila mmoja atabakiwa na fedha ya mboga nyingine.

Hatuwezi kuuamuru mwezi wala mvua, na wala mpaka wa Kongo hauko mikononi mwetu. Lakini daftari, mizani, chanja na kisado cha watoto viko mikononi mwetu. Tuanze na hivyo wiki hii, na mkutanapo katika jumuiya au katika kikundi cha akina mama, someni makala hii pamoja na kuulizana: gunia letu linalofuata, tutalinunua lini, na watoto watapata nini?